Jiwe Linalohesabu Sekunde: Mwongozo wa Kuijua na Kuitunza Saa ya Kwatzi

Sebule nyingi zina saa ya ukutani ambayo mwenye nyumba ameiweka mbele dakika tano kwa makusudi, ili watoto wasichelewe shule. Hazipiti wiki mbili kabla watoto hawajajua. Wanaitazama, wanatoa dakika tano kichwani, wanaendelea kunywa chai. Wasichojua wao, wala baba yao, ni kwamba zile dakika tano huenda si tano tena. Miezi minane ukutani yatosha kuzifanya sita na nusu, au kuzipunguza zibaki tatu na nusu. Kuna kitu ndani ya saa kinachouvuta wakati polepole bila kelele, na kitu hicho ni jiwe.

Katika hadithi za kubuni, madini yenye nguvu ya kupinda wakati hupatikana chini ya mlima unaolindwa na zimwi, na anayeyataka hulipa kwa damu. Ya kwako uliyanunua dukani yakiwa ndani ya plastiki, labda na nembo ya timu ya mpira juu yake. Tazama uso wa saa: mara nyingi pameandikwa QUARTZ. Kwa matamshi yetu ni kwatzi. Makala haya yanaeleza jiwe hilo linavyofanya kazi, kwa nini hukosea, na namna ya kujua kama kosa ni la jiwe au la kitu kingine. Kanuni yenyewe ni fupi, ishike tangu mwanzo: jiwe likikosea, hukosea kwa sekunde katika mwezi mzima. Ukiona dakika zinapotea ndani ya mwezi, usililaumu jiwe.

Ndani ya saa kuna nini

Kwatzi ni silikoni na oksijeni zilizoungana. Ni miongoni mwa madini yaliyoenea sana ardhini. Punje nyingi ngumu zinazometameta katika mchanga wa mto ni kwatzi, na wachimbaji wadogo wa dhahabu wa Chunya wameigonga kwa nyundo miaka na miaka, maana dhahabu hupenda kukaa ndani ya mikanda yake myeupe.

Mwaka 1880, ndugu wawili wa Ufaransa, Jacques na Pierre Curie, waligundua kwamba fuwele za kwatzi zikibanwa hutoa umeme kidogo. Mwaka uliofuata walithibitisha na upande wa pili: jiwe hilohilo likipewa umeme, hujikunja kidogo. Hapo ndipo ilipo siri ya saa. Ukilikata jiwe kwa umbo maalumu na kulipa umeme, litatetemeka kwa mwendo ambao haubadiliki ovyo, na kitu kinachotetemeka kwa mwendo mmoja kinaweza kuhesabiwa. Mwaka 1927, Warren Marrison na J. W. Horton wa maabara ya Bell, Marekani, walitengeneza saa ya kwanza iliyoongozwa na kwatzi. Haikuwa ya kuvaa mkononi wala ya kuning'iniza ukutani. Ya mkononi iliingia madukani Tokyo tarehe 25 Desemba 1969, kampuni ya Seiko ilipoanza kuuza saa yake iitwayo Astron kwa yen 450,000, bei iliyokaribiana na ya gari dogo. Leo saa ya kwatzi ya ukutani inaweza kukugharimu bei ya kuku.

Fundi saa akiifungua yako, atakuonyesha kibomba cha chuma kisichofika urefu wa sentimita moja. Ndani yake hakuna hewa, ila kipande cha kwatzi chenye umbo la uma wa meno mawili. Uma huo hutetemeka mara 32,768 kila sekunde. Namba hiyo haikuokotwa njiani. Chukua kikokotoo, igawe kwa 2, gawa jibu kwa 2 tena, endelea hivyo mara 15. Utabaki na 1. Hiyo ndiyo kazi ya sakiti ndogo iliyo pembeni ya jiwe: kugawa mara 15 hadi itoke pigo moja la umeme kwa sekunde. Pigo hilo husukuma mota, mota huzungusha magurudumu ya meno, na akrabu ya sekunde huruka hatua moja. "Tik" unayoisikia usiku ni mitetemo 32,768 imekwisha kuhesabiwa.

Jiwe la saa nyingi za leo halichimbwi likiwa tayari. Huoteshwa kiwandani ndani ya mitungi mizito ya chuma, katika maji ya magadi yenye joto na mgandamizo mkubwa, kwa wiki kadhaa, ili lisiwe na dosari.

Joto linavyolipunguza mwendo

Saa ya kawaida ya kwatzi huruhusiwa kukosea sekunde 15 hivi kwa mwezi, mbele au nyuma. Sehemu ya kosa hilo ni ya kuzaliwa nayo, kwa sababu hakuna mawe mawili yanayokatwa sawasawa kabisa. Ndiyo maana saa mbili zilizonunuliwa siku moja kwa muuzaji mmoja huachana. Umri nao huchangia, hasa mwaka wa kwanza jiwe linapokuwa bado linatulia.

Sehemu iliyobaki ni ya joto. Uma wa kwatzi umekatwa uwe na mwendo wake wa juu kabisa kwenye nyuzijoto 25. Joto likizidi hapo, unapunguza mwendo. Baridi ikizidi, unapunguza vilevile. Tena haupunguzi kwa hatua sawa: kadiri unavyoiacha 25 mbali, ndivyo hasara inavyokua kwa kasi. Kwa saa za kawaida, hesabu ni hizi:

Kwenye nyuzijoto 35, kama chumba cha bati mchana wa Dar es Salaam mwezi Februari, saa hubaki nyuma sekunde 0.3 kwa siku, yaani sekunde 9 kwa mwezi endapo joto hilo lingekuwa la kutwa na kucha.

Kwenye nyuzijoto 45, kama ukuta unaopigwa na jua la alasiri, hasara hufika sekunde 1.2 kwa siku, au 35 kwa mwezi.

Kwenye nyuzijoto 60, ndani ya gari lililoegeshwa juani madirisha yamefungwa, ni sekunde 3.6 kwa siku. Ukiiacha saa humo saa nne tu kila siku, mwezi utakwisha ikiwa nyuma sekunde 18.

Kwenye nyuzijoto 10, kama asubuhi ya Julai huko Njombe, ni sekunde 0.7 hivi kwa siku.

Kwa hiyo saa ya mkononi inayovaliwa kila siku mara nyingi ni sahihi kuliko ile inayolala kwenye gari au darini. Ngozi ya binadamu huiweka karibu na joto inalolipenda. Saa ya ukutani nayo itundike mahali penye kivuli, ukuta usiopigwa na jua, mbali na jiko na mbali na spika kubwa. Spika hailidhuru jiwe, ila sumaku yake huweza kuizuia mota isiruke. Ukiitoa saa karibu na sumaku, kwa kawaida huendelea yenyewe, lakini muda uliopotea haurudi mpaka uutege upya.

Ipime saa yako kwa mwezi mmoja

Huhitaji kifaa chochote zaidi ya simu iliyounganishwa na mtandao, karatasi na kalamu.

1. Kwenye simu, hakikisha saa imewekwa ijirekebishe yenyewe, kisha fungua ukurasa unaoonyesha sekunde.

2. Kwa saa ya mkononi, subiri akrabu ya sekunde ifike kwenye namba 12, kisha vuta kifundo cha pembeni. Akrabu itasimama. Tega dakika ijayo, na simu ikigonga sekunde sifuri, rudisha kifundo ndani. Kwa saa ya ukutani, toa betri akrabu ya sekunde ikiwa kwenye 12, tega, kisha irudishe betri kwa wakati uleule.

3. Andika tarehe.

4. Baada ya siku 30, linganisha na simu. Andika tofauti kwa sekunde, na kama saa iko mbele au nyuma.

5. Gawa kwa 30. Saa iliyokwenda mbele sekunde 24 ina mwendo wa sekunde 0.8 kwa siku. Kwa mwaka mzima itakuwa mbele karibu dakika 5.

Ukishaujua mwendo huo, saa ya bei ndogo inageuka kuwa kipimo cha kuaminika. Saa inayokimbia sekunde 0.8 kila siku bila kubadilika ni bora kuliko inayokimbia leo na kuzubaa kesho, kwa sababu ya kwanza unaweza kuihesabia. Msikiti, shule au ofisi ikimteua mtu mmoja wa kutega saa kila mwezi, tena siku ileile, basi kengele na kikao havitagombaniwa.

Kosa likizidi, tafuta kwingine

Hapa kanuni yetu inafanya kazi. Saa iliyopoteza sekunde 20 kwa mwezi haina ugonjwa. Saa iliyopoteza dakika 10 kwa wiki haiponi kwa kusingizia joto. Anza kutafuta hivi.

Akrabu ya sekunde inatetemeka mahali pamoja, hasa karibu na namba 9, bila kupanda. Betri imechoka. Upande huo ndio akrabu hupandishwa dhidi ya uzito wake, kwa hiyo udhaifu hujitokeza hapo kwanza.

Akrabu ya saa ya mkononi inaruka sekunde mbili au nne kwa pamoja. Saa nyingi zimeundwa kutoa ishara hiyo kumwambia mwenyewe kwamba betri inakaribia kwisha. Muda bado ni sahihi. Usisubiri isimame.

Saa husimama kila siku mahali palepale. Tazama kwa ubavu: huenda akrabu mbili zinagusana au moja inakwaruza kioo. Fundi huinyoosha kwa dakika chache.

Betri ni mpya lakini saa inasimama na kuondoka ovyo. Angalia vibati vinavyoshika betri. Kutu ya hewa ya pwani, au unga mweupe uliovuja kutoka betri ya zamani, hukata umeme. Kama iliyovuja ni betri ya alkalini, vaa glavu, futa unga kwa pamba yenye siki au maji ya limau kidogo, kausha vizuri, kisha nawa mikono.

Saa ilianguka sakafuni na haijaruka tena hata kwa betri mpya. Hapo ndipo jiwe lenyewe linaweza kuwa limevunjika, kwani uma ule ni mwembamba. Kwa saa ya ukutani, fundi hubadilisha mashine nzima ya nyuma, na mara nyingi ni rahisi kuliko kutengeneza.

Betri ipi, na lini

Saa nyingi za ukutani hutumia betri moja ya AA ya volti 1.5, saizi ileile ya rimoti nyingi. Usichukue iliyochoka kwenye rimoti ukaihamishia kwenye saa kwa kubana matumizi: saa itatembea, lakini kwa kuchechemea, nawe utadhani imeharibika.

Kwa saa ya mkononi, soma maandishi ya betri ya duara. Herufi SR maana yake ni oksidi ya fedha, LR ni alkalini. SR626 na LR626 zinaingia shimo moja na hutofautiana bei. SR hushikilia volti yake karibu hadi mwisho kisha hushuka ghafla. LR hushuka pole pole, na katika mteremko huo saa inaweza kuyumba. Muulize fundi anakuwekea ipi kabla hajafunga mfuniko. Saa ikifa, itoe betri hata kama huna haraka ya kununua nyingine, maana betri iliyokwisha ndiyo hupenda kuvuja.

Tahadhari moja haina mzaha. Betri za duara zikimezwa na mtoto zinaweza kumchoma koo na umio ndani ya saa mbili, hata kama betri haikuwa na nguvu ya kuendesha saa. Kubwa na bapa za lithiamu, kama CR2032, ndizo hatari zaidi. Mtoto akimeza, au ukishuku tu kwamba amemeza, usimtapishe na usisubiri dalili. Mkimbize hospitali yenye eksirei, na uende na pakiti au betri inayofanana. Betri chakavu zifungwe kwa gundi ya utepe na ziwekwe mbali na mikono midogo.

Kutega bila kukosea

Makosa mengi ya saa hayatoki kwenye saa. Yanatoka kwetu tunaoishi na hesabu mbili. Sisi tunaanza kuhesabu siku inapokucha na usiku unapoingia, hivyo akrabu ikiwa kwenye 10 tunasema saa nne. Simu hutuandikia 10:00 au 22:00. Mtu mzima huvuka hesabu hizi bila kufikiri, mpaka siku anapotega alamu akiwa na usingizi. Basi la saa kumi na moja alfajiri linataka 5:00 AM, si 11:00. Na 12:00 AM ni saa sita usiku. Ukiipa alamu 12:00 AM ukikusudia adhuhuri, itakuamsha usiku wa manane. Tumia mtindo wa saa 24 kwenye simu na tiketi, kisha toa au ongeza sita; kuanzia 19:00, toa kumi na nane.

Saa ya mkononi yenye tarehe ina sharti lake. Usibadilishe tarehe kati ya saa tatu usiku na saa tisa usiku. Muda huo gia za tarehe zimekwisha kushikana tayari kwa kugeuza siku, na ukizilazimisha unaweza kuvunja jino. Sogeza akrabu hadi namba 6 kwanza, badilisha tarehe, ndipo utege muda. Na tarehe ikigeuka saa sita mchana, saa haina hitilafu. Iko nusu siku mbele au nyuma. Sogeza akrabu ya saa mzunguko mmoja kamili.

Jiwe adimu lililo nyuma ya simu yako

Mtu atauliza: ikiwa simu nayo ina kwatzi ndani, mbona haipotei? Hupotea, ila hurekebishwa kimya kimya kupitia mtandao kila mara. Izime data na mtandao kwa wiki kadhaa uone. Anayeirekebisha, ukifuata mnyororo hadi mwisho, ni saa ya atomi. Tangu mwaka 1967 sekunde ya dunia hupimwa kwa atomi ya siziamu: mizunguko 9,192,631,770 ya mnururisho wake ndiyo sekunde moja.

Siziamu ndiyo inayotupeleka kwenye madini adimu kweli. Chanzo chake kikuu ni jiwe liitwalo polusaiti, ambalo limepatikana kwa wingi wa kuchimbika katika sehemu chache tu duniani, zikiwemo Bikita huko Zimbabwe na Ziwa Bernic huko Manitoba, Kanada. Kwatzi imejaa mtoni. Polusaiti unaweza kuishi miaka yako yote usiione.

Na wakati wenyewe, je, hupindika? Hupindika, na saa za atomi zimethibitisha. Kadiri unavyopanda juu kutoka ardhini, ndivyo wakati unavyokwenda upesi zaidi. Saa mbili kamilifu, moja ufukweni na moja kileleni Uhuru, juu ya Mlima Kilimanjaro, mita 5,895, zingeachana kwa sehemu 20 za milioni ya sekunde kwa mwaka. Setilaiti za GPS, kwa urefu na kasi yake, hutangulia saa za ardhini kwa sehemu 38 za milioni ya sekunde kila siku, na hesabu hiyo isiporekebishwa, ramani ya simu ingekupotosha kwa kilomita. Kwatzi ya sebuleni haiwezi kuyaona haya. Joto la paa la bati peke yake huivuta mara mamilioni zaidi ya mlima mzima.

Karatasi nyuma ya saa

Leo, kabla hujasahau, ishushe saa ya ukutani. Ifute vumbi. Gandisha nyuma yake karatasi yenye mistari mitatu: tarehe ya kuweka betri, tarehe ya kuitega, na mwendo wake kwa mwezi ukishaupima. Atakayeishusha baadaye, awe wewe au mwanao, hatakisia. Saa ikisimama, ataona betri ina miaka mingapi. Ikikosea, ataona kama ni tabia yake ya siku zote au ni jambo jipya.

Kisha zile dakika tano za makusudi ziondoe, itege kwa wakati halisi, uitundike. Kesho asubuhi mtoto mwenye kikombe cha chai ataitazama, atatoa tano kama alivyozoea, na basi la shule litamfundisha lililobaki.